Nafasi ya Vidole Viwili

Nyinyi vijana mnaonunua buti kwa picha ya simu, hebu niwaulize kwanza: huyo aliyewatumia picha, mmewahi kumwona uso? Soli je, mmeiona? Picha hupigwa upande ule mzuri, siku zote. Mimi nimeshona na kuuza buti fupi za wanaume, zile zinazokomea kwenye kifundo cha mguu, miaka mingi pale Migori, na siku za soko nikazibeba hadi Homa Bay, na sijawahi kukutana na muuzaji anayemwonyesha mteja mahali palipopasuka. Hata mimi sikuonyesha. Nakiri leo kwa sababu nimestaafu, tundu la sindano silioni tena, na sina kitu cha kuwauzia.

Mke wangu husema mimi nikiletewa chai huinua kikombe kwanza nione chini yake kuna nini. Anatia chumvi, lakini si sana. Labda kazi ndiyo iliyonifanya hivi, labda nilizaliwa hivi na kazi ikaninoa tu. Ninachojua ni kwamba tabia hiyo ilinilisha vizuri, na mara moja ikampokonya mtu mwingine chakula chake. Nitafika huko. Kwanza tuseme habari ya viatu, maana naona mnavyovaa na roho inaniuma.

Miaka ya tisini ilipoanza, kibanda changu kilikuwa kando ya kinu cha kusagia unga, na vumbi la mahindi lilitua juu ya kila kitu, hata buti nyeusi zikaota mvi. Tulishona kwa mkono: ngozi, uzi uliopakwa nta, msharasi wa kutobolea, na soli tuliyoikata kwenye tairi la lori. Kisha mitumba ikamwagika. Buti za ng'ambo, laini, zenye lastiki pembeni, zikawa zinatoka kwenye marobota kwa wingi hadi mafundi wenzangu wakalia. Mimi sikulia. Nilikaa nikazichunguza, nikijiuliza: kama hizi buti ni nzuri hivi, mbona mwenyewe alizitoa?

Na huo ndio mwanzo wa kununua kiatu. Buti ya mtumba ina mwenyewe wa kwanza, na huyo mtu bado yumo ndani. Pindua kisigino uone alikimaliza upande gani. Kama kimeisha upande wa nje pekee, alitembea akijitupa nje, na wewe ukivaa atakutupa nje vilevile mpaka magoti yalalamike. Ingiza mkono ndani hadi mbele, upapase kwa vidole. Jicho halifiki kule na muuzaji analijua hilo. Kunja soli. Ikikunjika katikati kama karatasi, hiyo imeoza. Inatakiwa ikunjike pale vidole vinapoanzia, basi. Lastiki ivute uiachie. Ikirudi polepole, rudisha na wewe. Na ukiona mtu amefunga buti mbili pamoja kwa fundo lisilofunguka, fungua tu, hata akinuna. Mara nyingi hizo mbili si ndugu. Moja ni kubwa kuliko nyingine kwa ukucha mmoja, na hutajua hadi ufike nyumbani.

Kuna waliokuwa wakijaza nyufa kwa nta ya mshumaa na kupaka polishi juu yake. Bonyeza ngozi kwa kidole gumba. Ngozi ya kweli hukunja uso kisha ikakunjua. Ile ya uongo hubaki imekunja.

Aliyenifundisha kazi hii alikuwa Mkuria mmoja, Mzee Marwa. Alijifunza kushona viatu gerezani. Aliingia gerezani kwa sababu gani hakuniambia, na mimi nilikaa naye miaka yote ile nikihesabu visu vyangu kila jioni. Havikupungua hata siku moja. Alikuwa mtu wa maneno machache, mikono yake mikavu kama gome, na alikuwa na sheria moja aliyoishika kuliko Amri Kumi: mteja avue viatu vyote viwili, asimame wima, kisha atembee peku hadi kwenye kinu cha unga na kurudi, fundi akimtazama kutoka nyuma. Ndipo umpime.

"Mtu akikaa, mguu nao umekaa," aliniambia. "Wewe unashonea mguu umesimama. Na usisikize mdomo sana. Mdomo unasema saizi ile ya zamani. Mguu ndio unasema ya leo."

Nililishika neno hilo la mdomo kuliko alivyokusudia yeye. Ilinifaa kuamini kwamba mteja hana haja ya kuulizwa.

Sheria nyingine ilikuwa ya saa. Buti hununuliwa alasiri. Asubuhi mguu ni mwembamba, mchana unavimba, na buti fupi inakaba kifundo. Huwezi kuilegeza kama ndara. Nilijifunza hilo kwa aibu. Mwalimu mmoja wa Homa Bay alikuja mapema siku ya soko, akajaribu buti ya kahawia, ikamkaa vizuri, tukaagana kwa furaha. Saa tisa nikamwona anarudi akikatiza soko zima kwa soksi, buti mkononi, na wanafunzi wake wamejipanga kwenye duka la soda wanamtazama.

"Fundi," aliniambia, "uliniuzia kiatu ama mtego wa panya?"

Nilimpanulia zile buti kwa kalibu ya mbao na maji ya uvuguvugu siku mbili, lakini heshima yake darasani sikuwa na mbao ya kuipanulia. Tangu siku hiyo, mteja wa asubuhi nilimwambia aende anywe chai, amalize shughuli zake, arudi jua likielekea magharibi. Wengine walidhani nina mteja mwingine wa siri. Waache wadhani.

Kidole gumba cha mkono kikae kati ya kidole cha mguu na ncha ya kiatu. Kisigino kiteleze kidogo tu kikiwa kipya, kisipoteleza kabisa kitakuchubua. Chuchumaa. Kama buti inakuuma kifundoni ukichuchumaa, itakuuma kanisani pia. Na ujaribu na soksi utakazovaa, si hizo za kuazima dukani zilizovaliwa na tarafa nzima.

Sasa kuvaa. Wakati ule suruali zilikuwa pana, pindo lilianguka juu ya buti likavunjika mara moja, na hapo mwanamume alikuwa amevaa. Leo mnavaa suruali zinazobana kama bandeji. Sawa, sigombani na zamani zenu. Lakini pindo liguse buti, lisisimame juu yake kama lina uadui nayo, na lisiingizwe ndani. Kiongozi mmoja wa kwaya aliingiza suruali ndani ya buti siku ya sherehe, akasimama mbele ya watu, na mama mmoja nyuma yangu akauliza kwa sauti kama huyu ametoka kupalilia. Buti ya kahawia ipe kaki au samawati iliyokolea. Nyeusi ipe suti na mazishi. Mkanda ufanane na buti. Ukikosa, vaa sweta ndefu ufiche. Na yule anayepaka polishi mbele tu, kisigino akakiacha na matope, mimi simwamini hata anikopeshe yeye.

Basi. Tufike kwenye lile nililoahidi.

Kabla ya jambo lenyewe nilikuwa nimeumwa na mteja mara moja. Mfanyabiashara mmoja wa mpakani aliniagiza buti zenye kisigino kirefu, chenye uwazi ndani. Nikamuuliza uwazi wa nini, akasema ni wa upepo, miguu yake inatoa jasho. Nikaamini. Baada ya wiki chache askari wawili wakaja kibandani wameshika kisigino changu mkononi, kimepasuliwa, magendo yakiwa ndani, na nikakaa kwenye benchi ya kituo kutwa nzima nikieleza habari za jasho. Waliniachilia, lakini nilitoka pale nimeapa mambo mawili: kisigino chenye uwazi sitashona bila kujua kinachoingia, na jibu la mteja si ushahidi. Ni kiapo cha pili kilichoniharibu.

Mwaka uliofuata akaja kijana aitwaye Ouma. Alikuwa mchimba dhahabu Masara, mwembamba, mabega mapana, na vumbi jekundu kwenye nyusi. Alivaa buti kuukuu za kijeshi zilizomzidi. Aliingia, akasalimia kwa adabu, akanipa kipande cha katoni alichochora nyayo zake mbili kwa makaa.

"Fundi, nataka buti fupi, ya kamba. Ngozi ngumu. Hii ndio saizi."

"Kazi gani?"

"Masara, kwa shimo ya Oloo. Hiyo shimo ndio inanilisha na wadogo wangu wawili. Wazazi hawako. Hakuna kazi ingine inaweza kunichukua bila karatasi."

Kisha akainama kidogo, akaonyesha kwa vidole viwili vilivyolala pamoja. "Na hii ya kushoto, ndani ya kisigino, uwache nafasi hivi. Usijaze. Nitajaza mwenyewe."

Moyo wangu ukasema: huyu hapa mwingine.

Watoto wangu, sikilizeni nilivyofanya, maana hapa ndipo kosa lilipo, na si lile mnalodhani. Mteja yeyote mwingine ningemwambia, "Vua, simama, tembea hadi kwenye kinu." Ouma sikumwambia. Niliichukua ile katoni, nikaandika "vidole viwili, kushoto, tupu," nikamwambia arudi baada ya wiki. Nilifikiri nikimpima nitamwamsha. Mtu wa kushuku haulizi. Anaona kuuliza ni kumtahadharisha mwizi. Nilitaka kumnasa, na kwa ajili ya kumnasa niliitupa sheria ya Mzee Marwa iliyonilisha miaka yote. Hata akaketi pale benchi kitambo, kofia mkononi, na mimi nikajitia kutafuta uzi.

Nilizishona. Nilizishona vizuri sana, ushenzi wa moyo wangu ni huo. Ile ya kushoto nikaiinua shingo kidogo ili mguu usichopoke, nikaweka nafasi kama alivyotaka. Akaja, akalipa, akashukuru, akaondoka nazo mkononi bila kuzijaribu mbele yangu. Nikaona hilo nalo ni ushahidi.

Kisha nikaanza upelelezi wangu. Wachimbaji wa Masara walipokuja kubandika soli niliwachokonoa polepole. Huyu Ouma ni mtu wa namna gani? Mtu mzuri, walisema, mpole. Anashukaje shimoni? Kwa buti. Wengine hushuka peku, ili kidole kishike ukuta, lakini yeye hushuka na buti zake. Akipumzika je, huzivua? Hapana. Mtoni huoga na wenzake? Huoga peke yake, akiwa wa mwisho. Kila jibu nililiweka pamoja na lingine, na kila moja likakaa mahali pake. Niliuliza watu wote isipokuwa yeye.

Oloo, mwenye shimo, alikuwa mteja wangu pia. Alipenda buti za kahawia na alikuwa na kifundo kilichotokeza kwenye kidole kikubwa, kwa hiyo nililazimika kumshonea mfuko kidogo wa ngozi pembeni. Siku moja alikuja kujaribu, nimepiga magoti mbele yake, mguu wake mkononi mwangu, akaanza kulalamika.

"Fundi, mawe yanatoka mazuri, yakisagwa hakuna kitu. Kuna mtu anakula shimo yangu."

Ningenyamaza. Kazi ya fundi ni kuinamisha kichwa na kufunga kamba. Lakini nilikuwa nimebeba ile siri miezi miwili na iliniwasha.

"Kuna kijana wako mmoja," nilisema, "aliniagiza buti ya kushoto yenye nafasi ya vidole viwili kisigino. Akasema atajaza mwenyewe."

Oloo aliuvuta mguu wake taratibu. "Nani?"

Nikamtaja. Nawaambia ukweli, nilijisikia mwerevu. Usiku huo nilimsimulia mke wangu, akageukia ukutani akalala.

Baada ya siku tatu Oloo alinitumia mtu: fundi aje Masara na kisu chake. Nilifika asubuhi. Watu walikuwa wamekusanyika kwenye mdomo wa shimo, wanawake wanaoponda mawe wameacha nyundo chini. Ouma alikuwa ameitwa kutoka chini, ametota jasho, hajui kinachoendelea. Aliponiona alitabasamu, akidhani nimekuja kwa shughuli zangu.

"Vua buti," Oloo alimwambia.

Tabasamu likaondoka. "Mzee, nimefanya nini?"

"Vua. Fundi mwenyewe amesema kuna kitu kwa hiyo ya kushoto."

Ouma akanigeukia. "Fundi, si uwaambie. Wewe ndio ulishona."

"Mimi nilishona nafasi," nilijibu. "Ulichoweka ndani sijui."

Alivua ya kulia haraka. Ile ya kushoto akakaa nayo. Alifungua kamba tundu moja moja, kama mtu anayetafuta njia nyingine na haioni. Kisha akaivua, akasimama peku juu ya kokoto, na nyonga yake ya kushoto ikaanguka. Nilikuwa nimesimama nyuma yake, mahali ambapo fundi husimama mteja anapotembea kuelekea kwenye kinu. Sikuhitaji hata atembee. Mguu wa kushoto ulikuwa mfupi kuliko wa kulia kwa vidole viwili.

Nilijua wakati uleule. Ningeweza kusema. Lakini Oloo alikuwa amenipa ile buti. "Pasua."

Nikapasua. Niliing'oa soli niliyoishona kwa mkono wangu, nikatoa kilichokuwemo: kipande cha mbao kilichochongwa kwa uangalifu, kimevishwa kitambaa cha sweta kuukuu, cheusi kwa jasho, kimechukua umbo la kisigino chake. Oloo akaniambia nipasue mbao nayo. Nikaipasua. Ilikuwa mbao tu, hadi ndani.

"Kumbe ni mguu," mwanamke mmoja alisema, na hakuna aliyecheka.

Ningependa kuwaambia kwamba Oloo aliomba msamaha. Alikuna kidevu, akatazama shimo, akamtazama Ouma.

"Mbona hukuniambia uko hivi? Shimo ikianguka watu wanapanda kamba mbio. Wewe utapanda na nini? Ukifia huko chini mimi nitaambia watu nini?"

"Miaka mbili nimepanda, Mzee. Kuna siku nimewahi kuwa wa mwisho?"

"Sikuwa najua. Sasa najua." Oloo hakuwa mtu mbaya, na hilo ndilo lililofanya neno lake lisiwe na mlango wa kurudi. "Mguu kama huo haishuki kwangu tena."

Ouma aliokota vipande viwili vya mbao, akaviunganisha mkononi kama vitashikana, akavitia mfukoni. Alivaa buti ya kulia, ile nyingine iliyopasuka akaibeba kwapani. Aliondoka akichechemea mbele ya watu wote aliowaficha mguu ule, na wale wadogo zake wawili, ambao sikuwahi kuwaona, walikuwa shuleni wakati huo hawajui. Dhahabu ya Oloo haikurudi. Baadaye ilijulikana mwamba wenyewe ulikuwa umefika mwisho. Hapakuwa na mwizi wala wizi.

Nilikwenda kwa Mzee Marwa. Alikuwa ameshazeeka, anaota jua mbele ya nyumba yake. Nilimweleza yote, na nikaeleza kwa namna ambayo nilitumaini atanionea huruma. Aliniuliza jambo moja.

"Ulimpima?"

"Alileta katoni, Mzee."

"Nimekuuliza, ulimpima?"

Hakuniuliza tena, akafumba macho akaendelea na jua lake, nami nikarudi Migori nikiwa na hasira na yeye, na askari, na yule mtu wa jasho, na kila mtu isipokuwa aliyestahili.

Nilishona jozi nyingine. Ni buti bora kuliko zote nilizowahi kushona. Kipimo cha kuinua nilikuwa nacho kichwani, maana mkono uliopasua ile mbao haukuisahau. Safari hii nilijaza mwenyewe: tabaka za ngozi zilizogundishwa, laini juu, ngumu chini, na shingo ya kiatu ikaja juu kiasi kwamba huwezi kutambua ipi ni ipi. Kisha nikamtafuta. Masara hayupo. Kwao, upande wa Lambwe, walinitazama kwa macho ya mtu anayemjua mgeni wake, wakasema hawajui. Sikuwalaumu, hata mimi ningekuwa wao nisingesema. Ilipita karibu mwaka mzima ndipo mteja mmoja wa Homa Bay, muuza dagaa wa omena, akaniambia kuna kijana wa namna hiyo Sindo, kando ya ziwa, anashona nyavu.

Nikaenda. Nilimkuta ameketi chini ufuoni, wavu umetandazwa mapajani, sindano ya mti mkononi. Alikuwa peku. Watu wote pale walikuwa peku, na aliposogea kuvuta upande mwingine wa wavu alichechemea bila kuficha na hakuna aliyegeuza shingo. Aliniona mbali. Hakuinuka.

"Fundi wa Migori," alisema. "Leo umekuja kukata nini?"

Nilikuwa nimepanga maneno njia nzima. Badala yake nilizitoa buti kwenye gunia nikaziweka mchangani mbele yake. Aliichukua ya kushoto, akaikunja soli, akaingiza mkono hadi ndani, akapapasa kisigino kwa dole gumba.

"Umejaza."

"Nimejaza."

"Wadogo wangu walikaa nyumbani muhula mzima," alisema, bila kupandisha sauti. "Yule msichana hakurudi. Alisema amezoea."

Nilimwambia nisamehe. Nilimwambia kwa Kiswahili, kisha kwa Kijaluo, kwa sababu la kwanza lilisikika kama salamu za dukani. Aliweka wavu kando, akafuta mchanga mguuni kwa kiganja, akaunyoosha mguu wa kushoto kuelekea kwangu.

"Nivalishe."

Nikapiga magoti mchangani. Niliingiza mguu wake, ukaingia kama ulikuwa unangojewa. Nikaanza kufunga kamba kutoka chini.

"Siku ile ya kwanza," alisema juu ya kichwa changu, "nilikuwa nimejipanga vile nitakujibu. Njia yote kutoka Masara nilikuwa najiambia, fundi ni kama daktari, lazima atauliza, na huyu nitamwambia. Nikakaa hapo kwa benchi yako nangoja. Wewe ukaandika kwa karatasi."

"Niliogopa utanidanganya."

"Basi uliza sasa."

Niliuliza, mtu mzima mimi, mbele ya wavuvi. "Ouma, mguu huu ulifanya nini?"

"Nilianguka kwa mti nikiwa mdogo, nikichunga ng'ombe. Ukavunjika, hatukuwa na pesa ya hospitali, ukashika hivyo. Basi."

Maneno hayo yote yalikwisha kabla sijafika tundu la tatu la kamba.